Kamera ya mchuma majanichai: Jinsi picha za raia zinavyogeuka ushahidi wa maasi

MTU akisimama juu ya kilima chochote kati ya mji wa Kericho na eneo la Konoin, kaunti ya Bomet, huona kijani kitupu kilichotandazwa kama mkeka hadi upeo wa macho. Mnamo Mei 2023, moshi mweusi ulipanda juu ya mkeka huo. Mashine za kuchumia majanichai zilikuwa zikiteketea, na wengi wa waliouzunguka moto walikuwa wameinua simu zao za mkononi. Kabla ya jua kutua, picha za video za tukio hilo zilikuwa zimepita katika makundi ya WhatsApp ya familia, ya kanisa na ya wafanyakazi, na kuwafikia jamaa walio Nairobi na hata ng'ambo.

Picha hizo ziko wapi leo? Swali hili huenda likaonekana dogo mbele ya suala la ajira na ardhi. Lakini tangu Aprili 28, 2025, siku ambayo idhaa ya BBC kupitia kitengo chake cha Africa Eye ilitoa makala ya uchunguzi yaitwayo Blood Parliament, limekuwa swali zito kwa yeyote nchini aliyewahi kuinua simu na kunasa vurugu. Makala hayo yalijengwa kwa picha zilizopigwa na watu wa kawaida, waandishi wa habari na waandamanaji wenyewe, katika maasi ya vijana ya Juni 2024 dhidi ya Mswada wa Fedha.

Msomaji atakumbuka yaliyotokea. Maandamano yalianza Juni 18, 2024, yakaenea kutoka Nairobi hadi katika miji mingi ya kaunti, ikiwemo miji ya Bonde la Ufa iliyodhaniwa kuwa haingethubutu kumpinga Rais William Ruto, Kericho ukiwa mmoja wao. Juni 25, wabunge 195 waliupitisha mswada huo huku 106 wakiupinga. Muda mfupi baadaye umati ulivunja vizuizi na kuingia katika majengo ya Bunge. Risasi zikafyatuliwa. Kesho yake Rais alitangaza kwamba hangetia saini mswada huo. Tume ya Kitaifa ya Haki za Binadamu (KNCHR) ilinakili vifo 65 na visa 89 vya watu kutoweshwa kwa nguvu kutokana na maandamano hayo, ilhali takwimu rasmi za serikali zilitaja vifo 42.

Wanahabari wa BBC walikusanya zaidi ya picha 5,000, za mnato na za video, wakazipanga upya dakika kwa dakika. Kutokana na kazi hiyo walieleza jinsi watu watatu walivyouawa nje na ndani ya uwanja wa Bunge: fundi wa programu za kompyuta mwenye umri wa miaka 39 aliyekuwa pia mwalimu wa shule ya Jumapili, muuza nyama wa miaka 25, na mwanafunzi wa chuo kikuu wa miaka 27 aliyepigwa risasi ya kichwa kutoka nyuma alipokuwa akiondoka. Makala yalidai kwamba wawili wa kwanza waliuawa na afisa wa polisi aliyevalia kiraia, na wa tatu na mwanajeshi. Katika video moja inasikika sauti ya afisa ikisema "uaa". Neno moja tu la Kiswahili, ambalo halikuhitaji mkalimani.

Kinachostahili kudadisiwa ni kwamba takriban hakuna picha hata moja kati ya hizo iliyotosha peke yake. Video ya sekunde tisa inayotikisika, iliyopigwa na mtu anayekimbia, haithibitishi lolote. Huonyesha miguu, lami, moshi, kisha anga. Thamani yake hutokea inapolinganishwa na nyingine iliyopigwa wakati uo huo kutoka upande wa pili wa barabara, na ya tatu kutoka dirisha la ghorofa. Fundi wa kazi hii hutafuta jambo moja linaloonekana au kusikika katika zote tatu, kama vile mlipuko wa kitoza machozi au gari linalopita. Kisha huzilinganisha mpaka zote zisomeke kwa saa moja. Yakiwapo matangazo ya moja kwa moja ya runinga, kazi huwa nyepesi zaidi, kwa kuwa matangazo hayo yana saa inayojulikana.

Hatua nyingine ni kutambua mahali. Hapa hutumiwa vitu visivyohama: mnara wa kanisa, bango, taa ya barabarani, ukingo wa ukuta. Hivi hulinganishwa na picha za setilaiti. Kivuli cha nguzo hueleza saa, maana jua halidanganyi. Hata sauti hutumika. Mwanga wa mtutu wa bunduki hufikia kamera papo hapo, lakini sauti husafiri takriban mita 340 kwa kila sekunde. Basi nafasi ya nusu sekunde kati ya mwanga na mlio humwonyesha mtaalamu kwamba mpigaji risasi alikuwa umbali wa mita 170 hivi kutoka kwa mwenye simu. Kazi hii huhitaji uvumilivu wa mtu anayechambua mchele gizani, na wengi waliotazama makala hayo kwa dakika thelathini na kitu hawakuyaona majuma ya uchambuzi yaliyotangulia.

Sasa mpeleke mtaalamu huyo Kericho. Mnara wa kanisa hauonekani. Kilima kimoja cha majanichai ni pacha wa kingine, na mistari ya michai iliyokatwa kwa kimo kimoja haina alama ya kumsaidia mgeni. Mvua hunyesha alasiri nyingi za mwaka, hivyo vivuli hupotea wakati ambao vingehitajika. Hata hivyo mwenyeji huona asichokiona mgeni. Atakutajia kiwanda kwa umbo la bomba lake la moshi. Atatambua shamba kwa safu ya mikaratusi iliyopandwa kwa ajili ya kuni za kukaushia majani, kwa kona ya barabara ya murram au kwa rangi ya mabati ya nyumba za wafanyakazi. Ujuzi huo haupatikani katika setilaiti yoyote. Ndiyo maana filamu ya maasi ya mashamba ya chai, iwapo itatengenezwa siku moja, haitawezekana bila wachumaji wenyewe kuketi kando ya mhariri.

Na kisa cha kusimuliwa kipo. Uchumaji wa majanichai kwa mkono, majani mawili na chipukizi, ndio uliojaza watu katika mashamba haya tangu kampuni za Uingereza zilipoanza kupanda chai kwa wingi mnamo miaka ya 1920. Mchumaji hulipwa kwa kilo. Mashine ilipokuja, ilifanya kazi ya makumi ya watu kwa wakati mmoja, na kampuni zikaeleza kwamba bila mashine hizo gharama ya mishahara ingezizamisha. Chama cha wafanyakazi wa mashambani, KPAWU, kilipinga mahakamani na nje ya mahakama kwa miaka mingi. Makadirio yaliyotolewa mwaka wa 2023 yalisema nafasi zipatazo 30,000 za kazi zilikuwa zimepotea Kericho katika muda wa mwongo mmoja. Machi mwaka huo, jopokazi lililoundwa na serikali ya kaunti lilipendekeza asilimia 60 ya uchumaji ifanywe kwa mashine na asilimia 40 kwa mikono. Miezi miwili baadaye moto ukawaka.

Mashine tisa za kampuni ya Ekaterra, inayotengeneza chai ya Lipton, ziliteketezwa. Chama cha wakuzaji chai, KTGA, kilikadiria hasara kuwa dola milioni 1.2 za Marekani. Kampuni ilisimamisha shughuli zake kwa muda. Kulikuwa na mauti, na watu wengi walijeruhiwa, maafisa wa polisi wakiwa miongoni mwao. Viongozi wa kaunti walisema vijana walikuwa wamekata tamaa. Wenye mashamba wakasema ni uhalifu. Katika taarifa nyingi za wakati huo, mchumaji mwenyewe alitajwa kwa idadi tu. Sauti yake halisi ilikuwa ndani ya zile video za simu, akipiga kelele kwa Kikipsigis au kwa Kiswahili, akieleza amefanya kazi miaka mingapi na amerudishwa nyumbani na nini. Mwandishi huyu anaamini kwamba yeyote anayetaka kuelewa sababu ya moto ule angeanzia kwenye sauti hizo badala ya taarifa za wanahabari, hii ikiwemo.

Haya mashamba yamewahi kuwa uwanja wa kamera mara nyingine. Februari 2023, BBC ilitangaza makala yaliyotumia kamera fiche kuonyesha jinsi wasimamizi walivyowadai wanawake ngono ili wapewe kazi katika mashamba yaliyomilikiwa kwa miaka mingi na kampuni mbili za Uingereza, Unilever na James Finlay. Zaidi ya wanawake 70 waliwaeleza wanahabari hao kwamba walidhulumiwa na wasimamizi wao. Ghadhabu ilikuwa kubwa. Wasimamizi walisimamishwa kazi, kamati za bunge zikaanzisha uchunguzi, na baadhi ya wanunuzi wakubwa wa ng'ambo wakatangaza hatua. Lakini mwaka wa 2024, mmoja wa waliofichuliwa alichaguliwa kuwa mkurugenzi wa kiwanda cha chai cha wakulima wadogo, jambo lililozua upya malalamiko ya watetezi wa haki. Picha ilikuwa wazi, ila mkono wa sheria ulikwenda polepole kuliko ulimi wa watu.

Hapa ndipo wengi hukosea. Hudhani kwamba video iliyotazamwa na watu milioni moja tayari ni ushahidi. Mahakama za Kenya zina kipimo tofauti. Sheria ya Ushahidi, katika kifungu cha 78A, inaruhusu ushahidi wa kidijitali, lakini inamtaka hakimu apime namna rekodi ilivyotengenezwa na kuhifadhiwa, iwapo haikuchezewa, na iwapo aliyeitengeneza anajulikana. Kifungu cha 106B kinahitaji cheti kinachoeleza kifaa kilichotumika na jinsi rekodi ilivyotolewa humo. Kwa maneno mepesi, lazima awepo mtu wa kusema: simu hii ni yangu, niliipiga picha hii mimi, nikaihamisha hivi.

Video iliyopokelewa kupitia WhatsApp baada ya kupita mikono ishirini imekwisha kupoteza mengi. Mtandao huo huibana faili ili iwe nyepesi na kuondoa maelezo yaliyofichika ndani yake, yakiwemo tarehe, saa na wakati mwingine mahali ilipopigwa. Kinachobaki ni picha isiyo na mama wala baba. Mtu aliye na faili asilia ndani ya simu yake ana kitu chenye thamani kubwa mno kuliko nakala elfu zinazozunguka. Iwapo atalazimika kuituma, heri aitume kama hati wala si kama video ya kawaida, maana hati haibanwi. Heri pia aihifadhi nakala nyingine katika kadi au kompyuta isiyoguswa, na aandike kando, hata katika daftari la mtoto wa shule, alikuwa wapi na aliona nini. Kumbukumbu ya binadamu huyeyuka haraka kuliko betri.

Lakini je, kuhifadhi picha ni salama? Budapest, mji mkuu wa Hungary, unaweza kutupa jibu chungu. Maasi ya Oktoba 23, 1956 dhidi ya utawala uliokuwa chini ya Muungano wa Kisovieti yalinaswa kwa kamera za wapiga filamu wa studio, za waandishi wa nje na za wakazi waliokuwa na vijikamera vya nyumbani. Novemba 4 vifaru vya Kisovieti vikaingia mjini kwa nguvu. Wahungari wapatao 2,500 waliuawa, na takriban 200,000 wakakimbilia nje, wengi wao kupitia Austria. Baadhi ya picha zilivuka mpaka pamoja nao, na ndizo zilizouonyesha ulimwengu kilichotukia. Ila picha zizo hizo, zikiwemo zilizochapishwa katika magazeti ya nje, zilitumiwa na polisi wa siri kuwatambua walioshiriki. Zaidi ya watu 200 walinyongwa katika miaka iliyofuata, na Waziri Mkuu Imre Nagy alinyongwa Juni 1958. Kijana aliyejivunia kupigwa picha akiwa na bunduki begani alikuta picha hiyo juu ya meza ya mpelelezi.

Kwa zaidi ya miaka thelathini filamu za siku hizo hazikuweza kuonyeshwa hadharani nchini humo. Ni baada ya mwaka wa 1989, Nagy alipozikwa upya kwa heshima, ndipo watu walipoanza kutoa mabunda yao kutoka darini na makabatini. Msanii Péter Forgács, ambaye mwaka wa 1988 alianza mfululizo wa filamu unaotokana na kanda za nyumbani za familia za kawaida, alionyesha kwamba hata kanda ya harusi au ya mtoto anayeoga huweza kueleza historia ya taifa kuliko hotuba za wakuu. Kwa lugha yetu tungesema ni simulizi la sebuleni lililogeuka la baraza.

Kenya haikusubiri miaka thelathini, lakini nayo ina dosari zake. Siku makala ya Blood Parliament yalipotolewa, onyesho lililopangwa katika ukumbi mmoja wa sinema jijini Nairobi lilifutwa. BBC ilisema hilo lilitokana na shinikizo la serikali. Baadhi ya wabunge walitaka shirika hilo lipigwe marufuku nchini. Usiku wa Mei 2, 2025, polisi waliwakamata watengenezaji filamu wanne jijini Nairobi wakihusishwa na makala hayo, na kuchukua simu na vifaa vyao. Waliachiliwa siku iliyofuata, na BBC ikasema hawakuhusika katika kuyatengeneza. Septemba mwaka huo, watafiti wa Citizen Lab katika Chuo Kikuu cha Toronto walieleza kwamba katika simu za wawili wao walikuta programu ya ujasusi iitwayo FlexiSPY, iliyowekwa wakati simu hizo zikiwa mikononi mwa polisi.

Kwa hivyo mchumaji wa Kericho anayemiliki video ya Mei 2023 ana haki ya kusitasita. Video hiyo yaweza kumwonyesha polisi akifyatua risasi, lakini pia jirani yake akibeba kiberiti. Video ni moja, lakini mashtaka yanaweza kuwa mawili. Watengenezaji filamu makini huficha nyuso, hubadilisha sauti na kuomba idhini kabla ya kuonyesha mtu, na Sheria ya Kulinda Data ya mwaka wa 2019 inawataka wachunge taarifa za watu. Lakini hakuna sheria inayoweza kuificha sura ambayo tayari imesambazwa katika makundi mia moja. Aliyeisambaza siku ile kwa furaha hakuwaza kuhusu kesi.

Upande mwingine wa mizani ni huu: asiyekuwa na picha husimuliwa na wengine. Hakuna jamii katika eneo hili inayolijua jambo hilo kuliko ukoo wa Talai. Mwaka wa 1934 serikali ya kikoloni ilitunga sheria maalum ya kuwahamisha, na mamia yao, wazee, wanawake na watoto, wakapelekwa Gwassi, karibu na Ziwa Victoria, mahali palipokuwa na mbung'o na malaria. Walikaa huko mpaka ukingoni mwa uhuru. Ardhi ya Wakipsigis iliyowazunguka iligeuka kuwa mashamba ya chai. Katika hifadhi za serikali na kampuni zimebaki barua za maafisa, ramani, na picha za mashamba mapya yakipandwa. Safari yenyewe ya kwenda Gwassi haikupigwa picha na waliosafirishwa, kwani wangeitoa wapi kamera?

Matokeo yake ni kwamba madai yao yalilazimika kusimama juu ya ushahidi wa midomo. Katika mwongo wa 2010, chini ya serikali ya kwanza ya kaunti iliyoongozwa na Gavana Paul Chepkwony, wazee walirekodiwa wakieleza waliyoyaona wakiwa watoto. Tume ya Kitaifa ya Ardhi iliyakubali malalamiko hayo mwaka wa 2019, wataalamu wa Umoja wa Mataifa wakaiandikia Uingereza mwaka wa 2021, na mwaka wa 2022 malalamishi yakawasilishwa katika Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya. Wengi wa wazee hao walikuwa na zaidi ya miaka themanini walipoketi mbele ya kamera, na wengine hawakuishi kuona hatua iliyofuata.

Tofauti kati ya mzee wa Talai na mjukuu wake wa 2023 ni kwamba mjukuu ana kamera mfukoni. Lakini simu ya bei nafuu ina nafasi ndogo. Mwenye simu hiyo hufuta video za zamani kila mwisho wa mwezi ili apate pa kuweka picha za mtoto, au simu yenyewe huangukia tope shambani, au huuzwa wakati wa karo. Mashamba nayo yamebadilisha wenyewe: yale ya James Finlay yaliuzwa kwa kampuni ya Browns ya Sri Lanka kupitia mkataba wa 2023, na ya Lipton yakafuata njia hiyo hiyo mwaka wa 2024. Kampuni inapoondoka huondoka na kumbukumbu zake za ofisini, zikiwemo zile za kamera za ulinzi.

Maktaba na makavazi ya kaunti hayana mpango unaojulikana sana wa kupokea video za wananchi, ingawa kufanya hivyo hakuhitaji fedha nyingi: kompyuta moja, diski mbili za kuhifadhia, fomu ya idhini, na mtu mwaminifu anayejua Kikipsigis, Kiswahili na Kiingereza. Vyuo vikuu viko karibu, kikiwemo Chuo Kikuu cha Kabianga. Wanafunzi wake wengi ni watoto wa wachumaji, na baadhi yao ndio waliozipiga video hizo.